Bobby Farrell na kazi ya kuipa sauti mwili

Tazama mkanda wowote wa kundi la disko la Boney M. wakitumbuiza "Daddy Cool" mwaka 1976. Wanawake watatu wanacheza kwa hatua zilizopangwa, na mbele yao kijana mwembamba mwenye afro na kifua wazi hatulii hata kidogo: anazunguka, anarusha mikono, anapiga magoti, anainuka. Sauti nzito ya kiume inapoingia, midomo yake inaifuata. Lakini aliyeimba ni Frank Farian, prodyuza Mjerumani, na aliimba studio, mbali na kamera.

Kwa sababu hiyo kijana huyo, Bobby Farrell, amehesabiwa na wengi kuwa pambo tu. Nawapinga. Ukichunguza kazi ilivyogawanywa, utaona kwamba aliyopewa yeye ilikuwa ngumu, na aliimudu kuliko yeyote aliyewahi kusimama katika nafasi yake.

Boney M. ilianza bila kundi. Farian alirekodi "Baby Do You Wanna Bump" kwa kuimba mwenyewe sauti ya chini na ya juu, akizipachika moja juu ya nyingine kwenye kanda. Jina alilitoa katika tamthilia ya Kiaustralia kuhusu mpelelezi. Santuri ilipouzika Uholanzi na Ubelgiji mwaka 1975, televisheni zikataka kuwaona wanamuziki. Ndipo akakusanya watu: Liz Mitchell na Marcia Barrett, wazaliwa wa Jamaika, Maizie Williams wa Montserrat, na Farrell, aliyezaliwa Aruba mwaka 1949, akaondoka kwao akiwa na miaka 15 kwenda kufanya kazi ya ubaharia, kisha akawa DJ katika klabu za Ulaya. Mitchell na Barrett waliimba kwenye rekodi. Williams na Farrell hawakuimba humo.

Sasa sikiliza mpangilio wenyewe. Ngoma kubwa inapiga kila pigo bila kuruka. Sauti za wanawake zimerekodiwa tabaka juu ya tabaka hadi watu wachache wanasikika kama kwaya. Sauti ya Farian huingia kwa maneno machache, nzito na ya karibu, kisha inaondoka. Kwenye santuri, ukimya huo kati ya maneno ni utamu. Jukwaani ni shida, kwa kuwa mwanamume pekee wa kundi ana dakika tatu au nne za kuonekana na sekunde chache tu za kufungua mdomo.

Farrell aliuziba mwanya huo kwa mwili. Wanawake walishika pigo, naye akacheza kwa kulivunja: anachelewa, anaruka, anakata ghafla. Katika "Rasputin" ya mwaka 1978 anaingia kabisa katika nafsi ya mhusika, anakodoa macho, anachuchumaa na kurusha miguu kwa mtindo wa ngoma za Kirusi. Miondoko hiyo pia iliondoa macho ya mtazamaji mdomoni, mahali ambapo kufuatisha kanda hugundulika upesi. Tena, mwimbaji hawezi kuruka hivyo na wakati huohuo akaishikilia sauti ya chini bila kutetereka, kwa kuwa pumzi haitoshi. Waliposhirikiana Farian na Farrell, akapatikana mtu mmoja ambaye peke yake asingewezekana.

Mwaka 1981 Farrell aliondolewa. Nafasi yake ikachukuliwa na Reggie Tsiboe, mzaliwa wa Ghana, ambaye aliweza kuimba kwenye rekodi. Kwa hesabu ya studio lilikuwa badiliko la busara. Hata hivyo kundi halikurudia kilele chake, ingawa ni kweli kwamba disko nayo ilikuwa imeshapoa, na mwaka 1984 Farrell aliitwa tena. Kundi lilipovunjika mwaka 1986, aliendelea kuzunguka na kikosi chake, akiimba mwenyewe sehemu zile kwa sauti yake yenye mikwaruzo. Alifariki St Petersburg tarehe 30 Desemba 2010, siku moja baada ya kutumbuiza, akiwa na miaka 61.

Kosa la mpango huu wa mmoja kuimba na mwingine kucheza lilikuwa kuficha mgawanyo wa kazi. Farian aliurudia kwa kundi la Milli Vanilli, na siri ilipofichuka mwaka 1990, vijana wawili waliokuwa jukwaani ndio waliobeba aibu na kunyang'anywa tuzo ya Grammy. Mwenye rekodi hubaki na mapato ya rekodi. Mchezaji hubaki na ujira wa onyesho, na lawama juu yake.

Mwaka 2021 "Rasputin" ilivuma upya kupitia TikTok, na ilivuma kwa watu kuicheza. Ni ushahidi tosha kwamba wimbo ule una mwili ndani yake, na wa kwanza kuupa mwili huo ni Farrell. Haki yake ni kutajwa hivyo waziwazi: Farian aliimba, Farrell alicheza, na umaarufu wa Boney M. ulihitaji kazi zote mbili.