Utambuzi Sahihi, Dawa Nusu: Uhakiki wa Mkataba wa Arusha kuhusu Burundi

Mkataba wa Arusha wa Amani na Maridhiano ya Burundi ulitiwa saini tarehe 28 Agosti 2000. Kwetu Burundi karibu kila mtu anautaja, lakini wachache wameusoma. Wanaousifu husema ulizima chuki kati ya Wahutu na Watutsi. Wanaoulaumu husema uligeuza serikali kuwa mahali pa kuhesabiana asili. Katika insha hii ninauhakiki kama matini nyingine yoyote. Ninauliza unaueleza ugonjwa kwa namna gani, unatoa dawa gani, na kama dawa hiyo inalingana na maelezo ya ugonjwa. Dai langu ni kwamba Mkataba uliutambua ugonjwa vizuri kuliko wengi wa wasifu na walaumu wake, kisha ukatoa dawa yenye nguvu kwa dalili na dhaifu kwa mzizi. Jambo hili si la darasani tu. Baada ya mwaka 2015 zaidi ya watu 400,000 walikuwa wakimbizi nje ya nchi, na wengi wao walipokewa Tanzania.

Mazungumzo yalianza Juni 1998 chini ya Mwalimu Julius Nyerere. Alipofariki Oktoba 1999, Nelson Mandela alichukua nafasi yake. Walioketi mezani walikuwa pande 19: serikali, Bunge na vyama 17 vya siasa. Matokeo yake ni itifaki tano, na ya kwanza ndiyo inayosomwa kidogo zaidi, ingawa kwa maoni yangu ndiyo moyo wa kazi yote. Katika ibara ya 4, wahusika wanakubaliana kwamba mgogoro wa Burundi kimsingi ni wa kisiasa, ingawa una sura nzito ya kikabila, na kwamba unatokana na wanasiasa kugombania kuingia madarakani au kubaki humo. Kwa watu waliotoka kuuana, huu ni ungamo mkubwa. Hawakusema kwamba Wahutu na Watutsi wanachukiana kwa asili. Walisema kuna watu wachache wanaogombea kiti, na kwamba wanawatumia wengine.

Msomaji wa Afrika Mashariki anahitaji tahadhari juu ya neno "kabila". Mtanzania akilisikia hufikiria lugha na eneo: Wasukuma wana lugha yao na kwao, Wahaya vilevile. Burundi si hivyo. Wahutu, Watutsi na Watwa wanasema Kirundi kilekile na wamechanganyika katika vilima vilevile. Neno letu ni "ubwoko", ambalo hutumika pia kwa aina ya kitu chochote. Hakuna jimbo la Wahutu wala wilaya ya Watutsi ambayo ungeweza kuipa utawala wake ili watu watengane kwa amani. Ndiyo maana mgogoro wote ulielekea sehemu moja: Bujumbura, kwenye serikali na jeshi.

Je, historia inathibitisha utambuzi huo? Ninaamini inathibitisha. Kati ya mwaka 1966 na 1993 Burundi ilitawaliwa na maofisa watatu wa jeshi: Michel Micombero, Jean-Baptiste Bagaza na Pierre Buyoya. Wote walikuwa Watutsi, na wote walitoka tarafa moja ya Rutovu, mkoani Bururi. Hata hivyo, Bagaza alimpindua Micombero mwaka 1976, na Buyoya akampindua Bagaza mwaka 1987. Kama ubwoko ungekuwa mzizi wa kila kitu, watu hawa wangekuwa ndugu wa damu wasioguswa na tamaa. Mwaka 1972, baada ya uasi wa Wahutu kusini mwa nchi, jeshi liliua Wahutu wanaokadiriwa kuwa kati ya 100,000 na 300,000, hasa waliosoma: walimu, watumishi wa serikali, hata wanafunzi. Mwaka mmoja kabla ya hapo, utawala huohuo ulikuwa umewafikisha mahakamani Watutsi wa kundi pinzani. Aliyeogopa kunyang'anywa kiti alipiga kila upande. Tofauti ni kwamba aliyepigwa kwa sababu ya ubwoko alipigwa pamoja na jamii yake yote.

Sura ya kikabila nayo haikuwa njozi. Melchior Ndadaye, Mhutu wa kwanza kuchaguliwa kuwa rais, alishinda uchaguzi Juni 1993, na wanajeshi wakamuua tarehe 21 Oktoba mwaka huohuo. Mara tu baada ya kifo chake, Watutsi waliuawa vijijini na jirani zao, jeshi likaua Wahutu, na vita vilivyofuata vilimaliza watu wanaokadiriwa kuwa 300,000. Mtu aliyefiwa na wazazi katika siku hizo hatafarijika ukimwambia kwamba tatizo lilikuwa la kisiasa tu. Kwa hiyo Mkataba ulikuwa na kazi mbili: kuondoa hofu ya jamii nzima kuangamizwa, na kuwafunga mikono wanaogombea kiti.

Kazi ya kwanza ilifanywa kwa ustadi. Katiba ya mwaka 2005, iliyojengwa juu ya Mkataba, iliweka asilimia 60 ya wabunge wawe Wahutu na 40 Watutsi, pamoja na viti 3 vya Watwa. Katika Seneti, Wahutu na Watutsi waligawana nusu kwa nusu. Jeshini, hakuna jamii iliyoruhusiwa kuzidi asilimia 50. Katika orodha za wagombea, kati ya kila watu watatu wanaofuatana, wasiozidi wawili ndio waliotakiwa kuwa wa jamii moja. Kifungu cha jeshi ndicho kilichobadilisha maisha ya watu wa kawaida. Kwa miaka mingi Mhutu aliyeona askari aliona adui, na Mtutsi aliyefikiria kulipoteza jeshi aliona kaburi. Makundi yenye silaha ya CNDD-FDD na Palipehutu-FNL hayakutia saini Arusha. Lakini yalipoacha mapigano, la kwanza kwa mapatano ya mwaka 2003 na la pili kwa mchakato ulioanza 2006, wapiganaji wao waliingia katika jeshi lenye waliokuwa wakipigana nao.

Hapa nakutana na wahakiki wawili wanaosomwa sana katika taaluma hii. Arend Lijphart anatetea mgawanyo wa madaraka: kila jamii ipate sehemu yake na uwezo wa kuzuia maamuzi yanayoihatarisha. Donald Horowitz ana shaka na njia hiyo. Yeye anataka kanuni za uchaguzi zimlazimishe mwanasiasa kutafuta kura nje ya jamii yake. Wanaomfuata husema mgao wa asilimia unagandisha ubwoko. Wengine huelekeza kidole Rwanda, ambako baada ya mauaji ya kimbari ya 1994 serikali iliondoa ubwoko katika vitambulisho na kuhimiza Unyarwanda mmoja. Sibishani na haki ya Rwanda kuchagua njia yake. Kwa Burundi, hata hivyo, nakumbuka kwamba ukimya tuliwahi kuujaribu. Chini ya Bagaza, kuzungumzia ubwoko hadharani kulikuwa mwiko, ilhali Watutsi waliendelea kushika jeshi na nafasi kuu. Mwaka 1988 watu waliuana Ntega na Marangara. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Na mgao haukugandisha kitu. Kila chama kilichotaka viti kilipaswa kuwa na Wahutu na Watutsi katika orodha zake, hivyo mtu hakuweza tena kujua siasa za mwenzake kwa kuangalia ubwoko wake.

Kasoro ninayoiona iko kwingine. Mgao unahesabu asili ya mbunge, hauhesabu uhuru wake. Mbunge wa Kitutsi aliyewekwa katika orodha na chama tawala anatimiza asilimia 40, lakini utii wake uko kwa aliyemweka. Ulinzi wa kweli ulikuwa kanuni kwamba sheria zipite kwa theluthi mbili ya kura. Mwaka 2010 vyama vikubwa vya upinzani vilisusia uchaguzi wa Bunge, na CNDD-FDD ikapata viti 81 kati ya 106. Theluthi mbili ikawa mikononi mwa chama kimoja. Asilimia za ubwoko zilibaki sahihi kabisa, na kizuizi kikawa kimekufa.

Kilichobaki hai kilionekana Machi 2014. Serikali ilitaka kubadilisha katiba, jambo lililohitaji kura za wabunge wanne kati ya watano. Pendekezo lilishindwa kwa kura moja. Waliosimama kulipinga ni pamoja na wabunge wa UPRONA, chama chenye uongozi wake na historia yake. Funzo ninalolipata ni kwamba mgao ulifanya kazi pale tu ulipokutana na chama kinachoweza kusema hapana.

Mwaka uliofuata ugonjwa ulirudi, safari hii bila vazi lake la zamani. Mkataba, katika itifaki ya pili, ulisema hakuna mtu atakayetawala zaidi ya mihula miwili. Katiba ilisema rais huchaguliwa kwa kura ya wananchi wote, na anaweza kurudia mara moja. Pierre Nkurunziza alikuwa amechaguliwa na Bunge mwaka 2005 na wananchi mwaka 2010, basi wafuasi wake wakadai muhula wa kwanza hauhesabiki. Mahakama ya Katiba iliafiki. Maandamano yalianza Aprili 2015. Tarehe 13 Mei, Jenerali Godefroid Niyombare, Mhutu na mpiganaji wa zamani wa CNDD-FDD, alitangaza kumpindua rais Mhutu wa chama hichohicho. Jaribio lilishindwa. Spika wa Bunge na makamu wa pili wa rais, nao wa chama hicho, walikimbia nchi. Ni kama tumerudi Rutovu: watu wa upande mmoja wakigombania kiti, na raia wakilipa. Kwa maneno mengine, ibara ya 4 ilikuwa imetabiri mwaka 2015, na watunzi wake hawakuiwekea ulinzi wa kutosha.

Upungufu mwingine unahusu haki. Mkataba uliahidi tume ya ukweli, na uchunguzi wa kimataifa ambao ungeweza kuzaa mahakama. Sheria ya tume ilipitishwa mwaka 2014 tu, na mahakama haikuundwa. Hii maana yake ni kwamba aliyeua ili apate kiti, au ili asikipoteze, hakuona mwenzake akiadhibiwa. Kwa mgombea wa aina hiyo, vurugu zilibaki njia isiyo na gharama.

Katiba ya mwaka 2018 imerefusha muhula wa rais hadi miaka saba na kuipa Seneti miaka mitano ya kutathmini kama mgao wa kikabila uendelee au ukome. Nachelea kwamba mjadala wa aina hiyo utashika swali jepesi. Wengine watasema amani imekuja, asilimia ziondolewe. Wengine watazitetea kana kwamba ndizo amani yenyewe. Kwa usomaji wangu, asilimia zinapaswa kubaki, hasa jeshini, hadi waliofiwa mwaka 1972 na mwaka 1993 wasikilizwe kikamilifu. Lakini nguvu kubwa iende kwenye sehemu ya Mkataba iliyoachwa nyuma: ukomo wa mihula usioachiwa tafsiri mbili, mahakama ambayo majaji wake hawamwogopi rais, na vyama vinavyoweza kushindwa uchaguzi bila viongozi wake kufungasha virago kwenda uhamishoni. Wanafunzi wenzangu watakaoisoma Arusha waanze na ibara ya 4, kisha wakipime kila kifungu kinachofuata kwa kuuliza kinamzuia nani asing'ang'anie kiti.