Mizinga Ina Anwani, Wapagazi Hawana

Riwaya ya Wilbur Smith, Shout at the Devil (1968), imechota kisa chake kwetu: manowari ya Kijerumani Königsberg, iliyojificha kwenye delta ya Rufiji, Kibiti ya leo, mpaka ilipoangamizwa tarehe 11 Julai 1915. Ni riwaya inayokwenda mbio, yenye kusisimua. Lakini delta yake ni maficho tu. Wenyeji wanapita nyuma ya Wazungu kama mikoko.

Tusimlaumu Smith peke yake. Kumbukumbu ya vita ile imejengwa hivyohivyo. Meli ilipozama, mizinga yake mikubwa 10 iliopolewa, Wajerumani wakapigana nayo nchi kavu. Leo mmoja uko Ngome ya Yesu, Mombasa. Mwingine uko Pretoria. Hiyo tunajua ilipo. Lakini chuma kile hakikutembea chenyewe, watu walikivuta. Wao wako wapi?

Sanamu ya Askari, iliyozinduliwa Dar es Salaam mwaka 1927, inamwonyesha mwenye bunduki. Mpagazi hana bunduki. Wale wa upande wa Waingereza walau wameachiwa jina: Kariakoo, kutokana na Carrier Corps, kikosi chao. Tunalitamka kila tunapokwenda sokoni, bila kuwasikia waliomo ndani yake. Wale wa upande wa Wajerumani, waliovuta mizinga ya Rufiji, hata soko hawakupewa.

Kisa hiki bado kinasubiri mwandishi atakayeanza na waliovuta kamba.