Jinsi ya Kuipima Filamu ya Uhalifu wa Mtaani

Ukitaka kujua kama filamu ya uhalifu iliyopigwa Kibera au Kawangware ni ya kweli, tangulia kusikiliza. Mabati yenye kutu hata mgeni wa wiki moja atayanasa kwa kamera. Sauti ndiyo itakayomuumbua. Kibera ina honi ya treni inayopita katikati ya vibanda, na Kijaluo, Kinubi na Sheng vikipishana kwenye kichochoro kimoja. Kawangware utasikia Kiluhya na Kikuyu zaidi, na makanga wa namba 46 akiita abiria. Jambazi akiongea kama msomaji wa taarifa ya habari, zima.

Tom Tykwer, Mjerumani aliyeongoza Lola rennt (1998), alipofika Nairobi aliwaachia wenyeji usukani, yeye akabaki msimamizi. Soul Boy (2010), iliyopigwa Kibera, iliandikwa na Billy Kahora na kuongozwa na Hawa Essuman. Si ya uhalifu, ila masikio yake ni safi. Ya uhalifu ikafuata: Nairobi Half Life (2012), ya David "Tosh" Gitonga.

Hapo pima jambo la pili: pesa inaenda wapi? Filamu dhaifu humwonyesha mwizi na bunduki, basi. Gitonga anafuata mkondo: mhusika mkuu, Mwas, na wenzake wanang'oa vipuri vya magari, kuna mnunuzi anayengoja, na kuna polisi wanaotaka mgao wao. Uhalifu usio na mnunuzi ni hadithi ya kuogofya watoto.

Kipimo kigumu zaidi, hasa kwa visa vilivyotokea kweli, ni maiti. Je, tulimjua marehemu kabla hajafa? Na neno la nani linaaminiwa? Tykwer mwenyewe alikabili swali hilo katika Babylon Berlin, tamthilia ya televisheni iliyoanza 2017, aliyoiongoza na wenzake wawili. Inaonyesha Mei 1929, polisi wa Berlin walipowafyatulia risasi wakazi wa mitaa ya wafanyakazi, kisha wakubwa wakahangaika kuficha. Mtu wa Kibera hahitaji kuelezwa mambo hayo mara mbili.

(Droni juu ya mapaa na gitaa la huzuni? Punguza alama bila kusita.)

Anza na Nairobi Half Life, uitazame pamoja na mtu aliyekulia mtaani. Akicheka pasipochekesha, muamini yeye, usiamini tuzo.