Mpangaji na Lugha ya Madai katika Riwaya Mbili za Meja Mwangi

Fasihi ya Kenya imezoea kuomboleza ardhi. Ngotho, katika Weep Not, Child (1964) ya Ngũgĩ wa Thiong'o, ana hoja iliyo wazi: shamba analolilima kwa ujira ni la mababu zake. Mpangaji wa mjini hana hoja hiyo. Chumba si chake, kiwanja si chake, na mara nyingi hata risiti ya kodi hana. Anapofukuzwa atadai nini, na kwa lugha gani? Wahakiki walioshughulishwa mno na ulevi na matusi ya wahusika wa Meja Mwangi wamelipita swali hili upesi.

Katika Going Down River Road (1976), Ben na Ocholla ni vibarua wanaojenga jumba refu liitwalo Development House. Jioni Ocholla hurejea kwenye kibanda chake bondeni, ambamo Ben naye huishia kujisitiri. Baraza la Jiji huvichoma vibanda hivyo. Wenyeji huvijenga upya. Kinaya cha jina la jumba ki wazi mno, pengine kupita kiasi. Kilicho kizito zaidi ni usimulizi wa moto wenyewe: hauna maombolezo, umekuwa kama mvua ya msimu. Huo si ubaridi wa msanii. Mtu asiyeweza kusema "hapa ni petu" hana msamiati wa kulilia. Kasoro iko kwingine: anayenufaika na kiwanja kilichosafishwa haonekani.

The Cockroach Dance (1979) inamleta mkabala wa msomaji. Mwenye nyumba ana jina, Tumbo Kubwa, na katika Dacca House hata bafu limegeuzwa makao ya familia. Dusman Gonzaga, msoma mita za maegesho, anawachochea wapangaji wakatae kulipa kodi. Dai lao halitokani na urithi. Latokana na kukaa na kulipa. Wakazi wa Muoroto waliobomolewa Mei 1990, na wale wa Mukuru kwa Njenga waliobomolewa mwaka 2021 kupisha barabara, walisimama juu ya dai la jinsi hiyo hiyo: miaka ya kukaa, pasipo hatimiliki.

Hata hivyo, sauti ya Dusman inazifunika nyingine. Mkazi wa bafuni hutambulishwa kwa chumba chake tu, naye ndiye ambaye angepoteza hata jina siku ya kuhamishwa.