Léonce Ngabo na Mtazamaji wa Gashoho: Uhakiki wa Kazi ya Mwasisi wa Sinema ya Burundi

Katika maandishi yanayohusu sinema ya Burundi, Léonce Ngabo hutajwa kwa heshima kama mwasisi, naye anastahiki heshima hiyo. Filamu yake Gito l'ingrat, yaani Gito asiye na shukrani, iliyotoka mwaka 1992, ndiyo filamu ndefu ya kubuni ya kwanza ya nchi hiyo. Mwaka uliofuata ilipata Tuzo ya Oumarou Ganda, ambayo tamasha la FESPACO la Ouagadougou huitoa kwa mwongozaji wa filamu ya kwanza iliyo bora. Lakini sifa ya uasisi ina tabia ya kufunga mjadala pale ulipopaswa kuanza. Mwasisi huyu alimwasisia nani? Makala haya yanaitazama kazi yake kutoka Gashoho, iliyokuwa komini ya wakulima katika eneo la Muyinga, kaskazini-mashariki mwa Burundi, upande wa nchi unaopakana na Tanzania. Gashoho haitajwi hapa kwa sababu ya historia yoyote ya filamu. Inatajwa kwa kuwa Warundi walio wengi huishi mahali pa namna hiyo, milimani, mbali na kumbi za Bujumbura.

Ngabo, aliyezaliwa mwaka 1951, alijulikana kwanza kama mwanamuziki. Wimbo wake "Sagamba Burundi" ulivuma kabla filamu yake haijapigwa. Jambo hili si la pembeni. Wimbo wa Kirundi hupanda mlima kwa redio ya betri na kwa midomo ya watu, nao haumdai msikilizaji kiingilio wala umeme. Filamu ilimtoa msanii huyo katika njia hiyo na kumwingiza katika nyingine, yenye gharama zake na mabwana zake.

Msuko wa Gito l'ingrat ni mwepesi kuusimulia. Gito amesoma Paris. Anamwahidi mpenzi wake Mfaransa, Christine, kwamba atamwita mara mambo yatakapomnyookea nyumbani, na cheo anachokiota hakipungui uwaziri. Anaporudi, hakuna kiti kinachomngoja. Anamrudia Flora, msichana aliyemfahamu tangu zamani. Kisha Christine naye anawasili, na wanawake wawili ambao hadhira ingetarajia wagombane wanaungana kumtia adabu. Msomaji wa fasihi ya Kiswahili atamtambua Gito upesi. Kazimoto wa Kezilahabi katika Kichwamaji (1974) ni ndugu yake wa mbali, msomi ambaye elimu imemtenga na watu wake. Kezilahabi anamfikisha Kazimoto kwenye kujiua. Ngabo anamwacha Gito achekwe.

Uchaguzi huo wa kicheko usidharauliwe. Burundi ya 1992 ilikuwa inaingia katika vyama vingi baada ya miaka mingi ambayo nafasi za elimu ya juu na vyeo vya serikali viligawanywa kwa upendeleo wa kikabila na wa kimkoa. Kumcheka msomi anayedhani uwaziri ni haki yake ya kuzaliwa kulikuwa namna ya kuugusa mgogoro bila kuutaja jina. Tashtiti hiyo ina ujasiri wake, na ina ukwepaji wake pia: kabila halitamkwi, na tatizo la mfumo mzima linaonekana kama kiburi cha kijana mmoja. Mnamo 21 Oktoba 1993 Rais Melchior Ndadaye, aliyechaguliwa mwezi Juni mwaka huohuo, aliuawa, na nchi ikatumbukia katika vita. Si haki kuidai vichekesho vitabiri mauaji. Hata hivyo, filamu iliyotazamwa baada ya tarehe hiyo haikuweza tena kuchekesha kama mwanzo.

Suala la utayarishaji ndilo linalohitaji kukaliwa zaidi. Gito l'ingrat ilikuwa kazi ya ubia wa Burundi, Ufaransa na Uswisi, na mtayarishaji wake alikuwa Jacques Sandoz wa Uswisi. Wahusika wake wakuu waliigizwa na Joseph Kumbela, mzaliwa wa Kongo. Aoua Sangaré wa Mali, ambaye watazamaji wa matamasha walikwisha kumwona katika Yeelen ya Souleymane Cissé. Na Marie Bunel wa Ufaransa. Yaani katika filamu ya kwanza ya Warundi, nguzo tatu za hadithi hazikushikwa na Mrundi. Kifaransa ndiyo lugha kuu ya mazungumzo. Kumlaumu Ngabo kwa hayo ni kusahau kwamba hakuwa na soko la nyumbani la kumrudishia gharama. Fedha ilitoka nje, na fedha huja na sura zinazojulikana kule inakotoka. Lakini kueleza sababu si kufuta matokeo: filamu ilisafirishwa vizuri zaidi kuelekea Ouagadougou na Ulaya kuliko kuelekea Muyinga.

Pengo hilo lilizibwa na chombo kingine. Studio Ijambo, iliyoanzishwa mwaka 1995 na shirika la Search for Common Ground, ilirusha mchezo wa redio Umubanyi niwe muryango, ulioandikwa na Marie-Louise Sibazuri. Ulikuwa wa Kirundi, ulihusu majirani wa makabila mawili, na ulitaja kile ambacho Gito alikizunguka. Historia ya utamaduni wa Burundi inayoiweka filamu ya Ngabo juu ya mchezo wa Sibazuri, kwa kuwa moja ni sinema na mwingine ni redio tu, inapima heshima ya chombo badala ya kazi yenyewe.

Ngabo mwenyewe anaonekana kulielewa tatizo. Mwaka 2009, vita vikiwa vimetulia, aliongoza kuanzishwa kwa FESTICAB, tamasha la kimataifa la sinema na sauti-picha la Burundi. Hapa ndipo alipokuwa mtayarishaji kwa maana pana: alitayarisha hadhira, wenzake wa fani na sababu ya vijana kushika kamera. Kizazi kilichofuata kilifika. Eddy Munyaneza, katika Histoire d'une haine manquée ya mwaka 2010, alisimulia waziwazi mauaji ya 1993 na watu waliokataa kuyashiriki. Msukosuko wa 2015 ulipowasukuma wanahabari na wasanii wengi uhamishoni, Munyaneza akiwa mmoja wao, ilidhihirika jinsi jengo hilo lilivyotegemea watu wachache na mji mmoja.

Ndipo linapokuja suala la lugha, ambalo washauri wa sera hawawezi kulikwepa. Sheria ya lugha ya mwaka 2014 iliviweka Kirundi, Kifaransa na Kiingereza kuwa lugha rasmi. Kiswahili, kinachofundishwa katika shule za msingi, hakikupewa hadhi hiyo. Lakini mkoani Muyinga Kiswahili hakikusubiri sheria. Kilipita mpakani Kobero pamoja na biashara, na kilirudi na wakimbizi waliokaa miaka mingi katika kambi kama Lukole, wilayani Ngara. Ng'ambo ya mpaka, watu kama Lufufu walikwisha kuonyesha kwamba filamu ya kigeni ikisimuliwa kwa Kiswahili, sauti moja juu ya picha, hupata watazamaji ambao manukuu ya maandishi yasingewafikia. Wasomi wameidharau mbinu hiyo kuliko inavyostahili. Filamu inayomcheka msomi aliyerudi kutoka Ulaya ingeeleweka vyema katika kibanda cha video kuliko katika ukumbi wa wasomi wenyewe.

Kwa hiyo swali la mtayarishaji linarudi katika hali ya kawaida kabisa. Nakala ya Gito l'ingrat yenye msimulizi wa Kirundi, na nyingine ya Kiswahili, ingehitaji studio ndogo, msimulizi hodari na majuma machache ya kazi. Kinachogharimu zaidi ni ruhusa, maana haki za filamu ya ubia wa nchi tatu kwa kawaida huwa mikononi mwa wabia kadhaa, na kabla projekta haijawashwa Gashoho lazima mtu alipwe mshahara wa kuwaandikia barua wote.