Pongezi kwa Bibi Judy Kibinge

Miongoni mwa watengenezaji filamu wa Kenya, anayestahiki shukrani za watu wa Kaskazini Mashariki, tangu Garissa hata Mandera, ni Bibi Judy Kibinge, ambaye, baada ya kujipatia sifa kwa hadithi za kubuni kama Dangerous Affair ya 2002 na Something Necessary ya 2013, aliielekeza kamera yake Wajir, akatoa mwaka 2015 filamu ya hali halisi, Scarred: The Anatomy of a Massacre, juu ya msiba wa Wagalla. Hapo, Februari 1984, wanaume wa ukoo wa Degodia walikusanywa na askari katika uwanja wa ndege, wakazuiliwa juani bila ya maji wala chakula, na wengi wakauawa. Serikali ilikiri mwanzoni maiti 57 tu. Manusura hawakuikubali hesabu hiyo abadani.

Fadhila kubwa ya kazi hii, kwa rai yangu, ni kuwapa manusura wenyewe nafasi ya kunena, kwa maana jeraha lililokanushwa miaka thelathini ni maradhi, na ustahimilivu wao una haki ya kushuhudiwa. Nao wana shahidi aliyewatangulia: Annalena Tonelli, Mwitalia aliyewatibu wafugaji wa Wajir kifua kikuu, akawahudumia majeruhi wa Wagalla.

Bibi Kibinge ameasisi pia Docubox, mfuko unaowasaidia watengenezaji filamu za namna hii Afrika Mashariki, na ninatamani kwa dhati vijana wa Garissa waubishe mlango huo.