Jina la Mtunzi katika Nyimbo za Simu

Waimbaji wa gitaa wa Ukambani wana mazoea ya kujitaja wenyewe katikati ya wimbo, pamoja na wenzao wa bendi na wafadhili wao. Mara nyingi mazoea hayo huitwa majisifu, na wanafunzi wanaponukuu nyimbo hizo huyaruka majina. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba majina hayo ni sehemu ya utungo, na kwamba simu za bei nafuu zimelithibitisha jambo hilo.

Yafaa kwanza tuitazame njia apitiayo mwimbaji kumfikia msikilizaji. Katika miaka ya 1970 na 1980, nyimbo za Kakai Kilonzo (aliyefariki 1987), za Kikamba na za Kiswahili, zilienezwa kwa santuri, na lebo ilimtaja mwenyewe. Kaseti nayo ilikuwa na karatasi yake. Leo mjini Machakos, mwenye simu ndogo ya vitufe, iitwayo kabambe au mulika mwizi, hahitaji intaneti. Humpelekea mwenye kibanda kadi yake ya memori, naye humjazia nyimbo. Kadi ya gigabaiti 2 huchukua zipatazo 400. Toka hapo wimbo hurushwa simu hadi simu, na aghalabu hufika ukiwa na nambari tu. Lebo haipo tena. Iliyobaki ni sauti.

Desturi hii si ngeni katika ushairi wa Kiswahili. Watunzi wengi wa tenzi walitia majina yao katika beti za mwisho, na yamkini walijua kuwa hati zao zingenakiliwa na mikono wasiyoifahamu. Tofauti ni mahali: mshairi huliweka jina mwishoni, ambapo ukurasa huweza kuchanika, mwimbaji hulipachika ndani ya mdundo, ambapo haling'oki kwa urahisi.

Hatusemi kwamba jina ni malipo. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 humpa mtunzi haki ya kudhibiti kunakiliwa kwa kazi yake, lakini jina lililoimbwa halimletei hata senti. Hapo ndipo lakabu ya mulika mwizi inapopata kejeli yake. Hata hivyo, jina hilo huweza kuwa ushahidi pekee uliosalia. Mhakiki anayelifuta katika unukuzi wake amemnyang'anya mtunzi kitu ambacho hata mwenye kibanda alimwachia.